Viganja vya watoto katika unga wa chumvi: jinsi ya kuvifanya vidumu katika hewa ya Bagamoyo

Ninafundisha sanaa watoto wa awali hapa Bagamoyo, na kazi ambayo wazazi huniomba kuliko nyingine zote ni ile ya kukanda unga wa ngano na chumvi, kuugandamizia kiganja cha mtoto, kisha kuukausha uwe kigae cha kutundika ukutani. Maelekezo yamejaa mtandaoni, lakini mengi yameandikiwa nchi zenye hewa kavu. Huku pwani vigae hivi hulainika, hutoka jasho na hatimaye hukatika, na chanzo kwa kawaida ni chumvi isiyofaa au ukaushaji wa pupa.

Nianze na chumvi. "Mwalimu, chumvi ya mawe tunayo tele, ya pakiti ya nini?" Ni swali la haki, maana mashamba ya chumvi yamo humu humu wilayani. Hata hivyo, chumvi inayopatikana kwa kuanika maji ya bahari, isipooshwa vizuri, hubaki na magnesiamu kloridi, ambayo huanza kunyonya maji ya hewani na kuyeyuka unyevu wa hewa ukifika takriban asilimia 33 tu. Sodiamu kloridi, yaani chumvi yenyewe halisi, hustahimili hadi kama asilimia 75. Usiku wa pwani, hasa wakati wa masika, hukivuka hata kiwango hicho, lakini kwa chumvi safi ya mezani walau unapata nafasi ya kukausha na kupaka vanishi kabla kigae hakijaanza kulowa. Isitoshe, punje laini haziachi vishimo juu ya kigae.

Vipimo ni vikombe viwili vya unga wa ngano, kimoja cha chumvi, na maji yasiyozidi kikombe, ambayo mimi huyatia kidogo kidogo na aghalabu huyabakiza. Sembe haifai kwa kuwa haina mnato wa ngano. Unga uliochanganywa na hamira nao huumuka motoni na kufuta mistari ya kiganja. Waachie watoto wakande kwa dakika kumi hivi, ila mwenye kidonda mkononi apewe kazi nyingine, maana chumvi itamchoma. Wasionje kamwe: kiasi hicho cha chumvi ni hatari kwa mtoto mdogo, na kwa mbwa au paka wa nyumbani vilevile.

Sukuma donge kwa kifimbo cha chapati mpaka libaki na unene wa karibu sentimita moja. Mtoto akiweka mkono, mtu mzima abonyeze kila kidole kwa zamu, kwa sababu watoto huegemeza kiganja na kusahau vidole. Toboa tundu la uzi kwa mrija wa soda, na uandike jina na mwaka kwa nyuma kabla donge halijakauka. Wale wasiotaka kiganja huchapa simbi tupu walizookota ufukweni au jani la mkoko, ambalo mshipa wake wa kati hutokea vizuri sana.

Kukausha ndiko kunakohitaji subira. Jua la saa sita hukausha ngozi ya juu huku ndani kukiwa bado kubichi, na kigae hujikunja au kupasuka. Mimi huanza kivulini penye upepo, juu ya wavu, nikikigeuza asubuhi na jioni, kisha namalizia kwa moto mdogo. Mwenye oveni aiweke kwenye nyuzi 100 za Selsiasi kwa saa mbili au tatu. Asiye nayo atumie sufuria yenye mchanga, kama aokaye keki kwa mkaa, lakini makaa yawe machache mno chini na juu, kwani kigae kikianza kubadilika rangi moto umezidi. Rangi ya juu haikuambii kama ndani kumekauka. Mzani wa jikoni unakuambia. Pima, rudisha motoni, pima tena, na uzito usipopungua kigae kiko tayari.

Rangi ziwe za maji, za watoto. Mabaki ya rangi za zamani za nyumba yanaweza kuwa na madini ya risasi, ambayo ni sumu. Zikikauka, paka vanishi siku hiyo hiyo, mbele, nyuma, kingoni na ndani ya tundu, mara mbili au tatu, kila mpako ukikauka kabla ya unaofuata. Gundi nyeupe ya karatasi, ambayo wengi huipenda kwa urahisi wake, hulainika ikipata maji, nami siipendekezi kwa pwani. Kazi ya vanishi ni ya mtu mzima, mahali penye hewa.

Usitundike kigae kwenye ukuta wa mawe na chokaa unaolowa kila masika, wala jikoni penye mvuke. Kikianza kunata, kifute kwa kitambaa kikavu, kikwangue vanishi iliyobabuka kwa msasa laini, kikaushe upya kwa moto mdogo hadi mzani utulie, halafu ukipake tena.