Kwinini: jina lililozaliwa na makosa mawili

Kuna hadithi tamu kuhusu kwinini, dawa ya malaria, ambayo imenakiliwa katika vitabu vingi vya tiba. Katika miaka ya 1630, mke wa mkuu wa Chinchón, makamu wa mfalme wa Hispania nchini Peru, anashikwa na homa ya vipindi. Matabibu wanakata tamaa. Analetewa unga wa gome la mti wa milimani, anaunywa, anapona, kisha anarudi kwao na shehena ya gome kuwagawia wagonjwa maskini. Mwaka 1742 Carl Linnaeus, bingwa wa mimea wa Uswidi, anaupa mti huo jina la kisayansi kwa heshima ya bibi huyo: Cinchona.

Hadithi hiyo haikutokea. Shajara rasmi za utawala wa mumewe zilichunguzwa katika karne ya 20, na homa iliyoandikwa humo ni ya mume. Mke kuponywa na gome hakumo. Kurudi Hispania nako hakurudi, kwani alifariki njiani, Cartagena, katika Kolombia ya leo, mwaka 1641. Aliyeitia hadithi kitabuni ni tabibu wa Genoa, Sebastiano Bado, mwaka 1663, yaani zaidi ya miaka 20 baada ya bibi kuzikwa. Linnaeus naye akaliandika jina kimakosa: aliidondosha h ya kwanza ya Chinchón. Wapo waliopigania irudishwe, wakashindwa.

Hilo ni jina la mti. Jina la dawa nalo lina mkasa wake. Wengi hudhani kwinini ni neno la Kilatini au Kiingereza, lakini mzizi wake ni Kikechua, lugha ya watu wa milima ya Andes, ambako *kina* ni gome. *Quina-quina* ni gome la magome, gome lenye dawa. Sisi tunaosema polepole na sawasawa tunaielewa lugha inayorudia neno ili kulitilia uzito. Tatizo ni kwamba *quina-quina* lilikuwa kwanza jina la mti mwingine kabisa, wa jenasi ya Myroxylon, unaotoa utomvu wenye harufu nzuri. Wafanyabiashara walichanganya magome ya miti hiyo miwili, na jina likahama pamoja na mzigo. Mwaka 1820, jijini Paris, Pierre-Joseph Pelletier na Joseph-Bienaimé Caventou walipofanikiwa kuitenga dawa yenyewe kutoka kwenye gome, walichukua jina lililokwisha kuhama, wakalipachika kimalizio, ikawa kwinini.

Nimeanza na majina kwa sababu dhana nyingi potofu kuhusu dawa hii zinatokana na majina. Mtu anasikia silabi mbili zinazofanana na kuamua kwamba vitu viwili ni kimoja. Kwenye mambo ya dawa, kosa la namna hiyo linaweza kugharimu maisha.

"Alkaloidi maana yake ni sumu"

Alkaloidi maana yake ni kitu kinachofanana na alkali. Neno hilo lilibuniwa na mfamasia Mjerumani, Carl Meissner, mwaka 1819, na alkali ni Kiarabu, *al-qali*, majivu ya mimea. Meissner aliona kwamba baadhi ya kemikali za mimea zina tabia ya majivu hayo: zikikutana na asidi hutengeneza chumvi. Leo tunajua siri ni nitrojeni iliyomo ndani ya molekuli. Kafeini ni alkaloidi, mofini ni alkaloidi, nikotini pia. Nyingine hudhuru haraka, nyingine mtu huzinywa kila asubuhi na kwenda kazini. Jina linaeleza kemia tu. Usalama huamuliwa na kiasi na mwili wa anayetumia.

Kimalizio cha *-ini* nacho kisikudanganye. Insulini si alkaloidi, protini si alkaloidi. Hata artemisinini, dawa ya malaria kutoka mmea wa jamii ya pakanga iliyompa mwanasayansi wa China, Tu Youyou, Tuzo ya Nobel mwaka 2015, si alkaloidi, kwa kuwa haina hata atomi moja ya nitrojeni. Kwinini na artemisinini zinapigana na adui mmoja, lakini kikemia hazina undugu.

"Nina mzio wa salfa, kwa hiyo siwezi kutumia kwinini salfeti"

Hii ndiyo inayonikera kuliko zote, maana anayeisema ana hofu ya haki kabisa. Mtu aliyewahi kuvimba uso na kubabuka ngozi baada ya kumeza dawa ya salfa hawezi kulaumiwa anapoona neno salfeti kwenye pakiti na kuirudisha.

Lakini tazama kilichomo. Kwinini peke yake haiyeyuki vizuri kwenye maji. Wakemia wanaichanganya na asidi, na kwa kuwa ni alkaloidi, inakuwa chumvi inayoyeyuka. Ikitumika asidi ya salfuriki, chumvi hiyo ni kwinini salfeti. Ikitumika asidi ya hidrokloriki, ni kwinini hidrokloridi. Salfeti ni kibebeo tu, na damu ya kila mtu aliye hai ina salfeti ndani yake. Kinachowaletea watu mzio ni sulfonamidi, umbo jingine kabisa, lililomo kwenye dawa kama sulfadoksini na sulfamethoksazoli. Zote zina atomi ya salfa, na kufanana kunaishia hapo. Mzio wa sulfonamidi haumzuii mtu kutumia kwinini salfeti. Kinachomzuia ni mzio wa kwinini yenyewe, ambao upo na ni hatari, hivyo kila mzio uliowahi kuupata umtajie mhudumu pamoja na jina kamili la dawa iliyouleta. "Salfa" peke yake haitoshi.

"Klorokwini ni kwinini iliyoongezwa nguvu"

Wakemia wa karne ya 19 walipoichemsha kwinini pamoja na potashi kali, walipata kimiminika ambacho Charles Gerhardt alikiita kwinolini, kwa kuikumbuka kwinini. Molekuli ya kwinolini ni pete mbili zilizoshikana, na pete hizo zimo ndani ya kwinini yenyewe. Wanasayansi waliotafuta dawa mpya za malaria walijenga juu ya pete hizo, na ndiko zilikotoka klorokwini, amodiakwini, primakwini na meflokwini. Klorokwini iliundwa maabara nchini Ujerumani na Hans Andersag mwaka 1934. Hakuna gome ndani yake.

Kwa hiyo *-kwini* ni jina la ukoo, na ndugu wa ukoo mmoja hawana tabia moja. Primakwini inaua vimelea vilivyojificha kwenye ini, kwinini haiwezi. Klorokwini ilishindwa na vimelea sugu katika sehemu kubwa ya dunia huku kwinini ikiendelea kutibu. Mwaka 2020, haidroksiklorokwini, ndugu wa karibu wa klorokwini, ilipovuma kama tiba ya korona, wapo waliofikiria kwamba na kwinini itafaa, jina si lile lile? Jaribio kubwa la Uingereza lililofanywa kwa wagonjwa waliolazwa halikuona faida hata ya hiyo haidroksiklorokwini.

Kuna jozi nyingine inayofanana zaidi. Kwinini na kwinidini zote zinatoka kwenye gome la mkwinini na zina atomi zile zile kwa idadi ile ile: kaboni 20, hidrojeni 24, nitrojeni 2, oksijeni 2. Tofauti ni mkao wa baadhi ya atomi angani, basi. Kwinidini imetumika miaka mingi kurekebisha mapigo ya moyo yaliyovurugika.

"Siku hizi inatengenezwa kiwandani, miti ni habari ya zamani"

Wamejaribu sana. William Henry Perkin alikuwa na miaka 18 mwaka 1856 alipoitafuta kwinini kwenye maabara yake ya nyumbani London. Badala yake akapata rangi ya zambarau, na kutoka hapo ukazaliwa ufundi wa rangi za viwandani. Robert Woodward na William Doering walitangaza njia ya kuiunda mwaka 1944. Njia za maabara zipo, lakini ni ndefu na ghali. Kwinini ya vidonge bado inatoka kwenye gome.

"Kila kitu kichungu kina kwinini"

Hapana. Uchungu wa mwarobaini unatokana na kundi jingine la kemikali, limonoidi, ambazo si alkaloidi. Ulimi una vipokezi vya uchungu vya aina nyingi, na kemikali zisizo na uhusiano wowote huvigusa vilevile. Uchungu haupimi dawa.

Na maji ya toniki? Hayo kweli yana kwinini, na unaweza kuiona kwa macho. Zima taa, mulika glasi kwa tochi ya miale ya urujuanimno kama zile za kukagulia noti, na maji yaliyokuwa meupe pe yanawaka bluu kuanzia juu hadi chini. Wanaoona kwa mara ya kwanza hudhani pametiwa rangi. Mwanasayansi Mwingereza John Herschel aliueleza mwanga huo mwaka 1845 alipoangalia myeyusho wa kwinini juani. Sasa tia kijiko cha chumvi ya mezani na ukoroge: bluu inafifia mbele yako, kwa sababu kloridi ya chumvi inaipokonya kwinini nishati kabla haijaitoa kama mwanga. Jaribio hili sichoki nalo.

Lakini kuwepo si kutosha. Nchini Marekani kinywaji hicho hakiruhusiwi kuzidi miligramu 83 za kwinini kwa lita. Mtu mzima anayetibiwa malaria kwa vidonge hupewa takriban miligramu 600 mara tatu kwa siku, kwa siku 7. Piga hesabu: ni lita 21 na ushei za toniki kila siku, kwa wiki nzima. Hakuna mwili unaoweza, na vimelea havisubiri.

"Masikio yakivuma, dawa inafanya kazi"

Masikio kuvuma, kichwa kuzunguka, kichefuchefu na macho kuona ukungu ni dalili za kwinini kuzidi uvumilivu wa mwili. Hali hiyo inaitwa sinkonizimu, jina la yule bibi likitokea tena pasipo lake. Haisemi lolote kuhusu vimelea. Ikiwa nyepesi huvumilika na hupita dawa ikiisha. Uziwi au macho kufifia ni jambo la kumwona daktari siku hiyo hiyo.

Ninachotamani kila anayemuuguza mtu akijue ni sukari. Kwinini huchochea kongosho kumwaga insulini, na malaria kali yenyewe hula sukari ya damu. Mgonjwa anatoka jasho, anatetemeka, anaongea maneno yasiyoeleweka, halafu ananyamaza. Walio kando ya kitanda wanasema dawa kali imemlegeza, aachwe alale. Huenda sukari imeshuka, na hapo dakika zina maana. Watoto na wajawazito ndio walio hatarini zaidi. Ita mhudumu apime.

"Malaria ikiwa kali, hakuna kama dripu ya kwinini"

Kwa zaidi ya karne moja ilikuwa kweli, na ndiyo maana imani hii haing'oki. Kisha kwinini ikashindanishwa na dawa mpya zaidi. Utafiti uliochapishwa mwaka 2005, kwa wagonjwa 1,461 wa Asia, uliona vifo asilimia 22 kwa waliopewa kwinini na asilimia 15 kwa waliopewa sindano ya artesuneti, ambayo hutokana na artemisinini. Mwaka 2010 yakaja matokeo ya watoto 5,425 katika nchi 9 za Afrika: asilimia 10.9 kwa kwinini, asilimia 8.5 kwa artesuneti. Katika kila watoto 1,000 waliolazwa, hao ni 24 zaidi waliorudi nyumbani. Mwaka 2011 Shirika la Afya Duniani likaitanguliza artesuneti kwa watoto pia, kama lilivyokwisha kufanya kwa watu wazima.

Kwinini haikutupwa. Artesuneti ikikosekana, bado hutundikwa, ikichanganywa na maji ya sukari na kuachiwa polepole kwa saa 4 hivi, kwa sababu ikisukumwa haraka mshipani inaweza kushusha presha na kuvuruga moyo. Ukiona muuguzi amepunguza kasi ya matone, usiiongeze.