Kuvumwani yenye Sura ya Mapafu: Mkazi wa Misitu Mikongwe ya Milimani

Katika misitu ya milima ya Alpi, na pia katika mabonde ya Uskoti yanayopata mvua nyingi, shina la mwaloni mzee huweza kuonekana kama limevishwa majani mapana ya kijani yasiyo na kikonyo. Ukiyakaribia utaona kwamba uso wake una vishimo vilivyotenganishwa na matuta membamba yanayokutana kama nyuzi za wavu. Huyo ndiye Lobaria pulmonaria, kuvumwani, au likeni kama wengine wanavyoita. Jina lake la pili linatokana na neno la Kilatini lenye maana ya pafu. Waganga wa zamani wa Ulaya waliamini kwamba sura ya mmea hudokeza kiungo unachokitibu, kwa hiyo waliwapa wagonjwa wa kifua dawa iliyotengenezwa kwa kuvumwani hii.

Hata hivyo, kuvumwani si mmea. Mwaka 1867 mtaalamu wa mimea wa Uswisi, Simon Schwendener, alitangaza kwamba kila kuvumwani ni viumbe wawili wanaoishi pamoja, yaani kuvu na mwani, na wengi wa wataalamu wenzake walimpinga vikali. Lobaria pulmonaria imeenda mbali zaidi, kwa kuwa ndani yake wamo washirika watatu. Kuvu hujenga mwili, hushika gome na kuhifadhi maji. Mwani wa kijani, uliotandazwa chini kidogo ya ngozi ya juu, hutengeneza sukari kwa nguvu ya jua. Na ndani ya vifundo vidogo wanaishi bakteria wa jenasi Nostoc, ambao huchukua naitrojeni ya hewani na kuigeuza kuwa chakula. Kipande kinapoanguka na kuoza, naitrojeni hiyo huingia katika udongo, na msitu mzima hunufaika.

Ninapowapokea wanafunzi katika hifadhi yetu ya mimea mikavu, huwa ninaanza kwa kuweka kipande kikavu juu ya sahani nyeupe. Kikiwa kikavu kina rangi ya kahawia iliyofifia, na pembe zake huvunjika kama karatasi iliyounguzwa na jua. Nikidondoshea maji kidogo, rangi ya kijani huanza kujitokeza pale pale tone lilipoangukia na kusambaa, kwa sababu ngozi ya juu ikilowa huwa angavu na mwani uliofichwa chini yake huonekana. Upande wa chini una manyoya mafupi ya kahawia yanayoachana na kuacha madoa meupe yasiyo na manyoya, na hiyo ni alama mojawapo inayotusaidia kuitambua.

Msituni si lazima mvua inyeshe ili kiumbe huyu aamke. Kuvumwani zenye mwani wa kijani huweza kuanza tena kutengeneza chakula kwa unyevunyevu wa hewa peke yake, ilhali zile zinazotegemea bakteria pekee huhitaji maji yenyewe. Ndiyo maana ukungu wa milimani una thamani kubwa kwake. Kwa kuwa haina mizizi, hupata maji na madini yake yote kutoka kwenye mvua, ukungu, vumbi na maji yanayotiririka juu ya gome. Mti huipa mahali pa kukaa tu. Nalisema hili kwa msisitizo, maana wakulima wengi wa kwetu huona magamba ya kuvumwani kwenye miti yao wakadhani ni ugonjwa, wakayakwangua kwa panga na kujeruhi gome, ambalo ndilo kinga halisi ya mti.

Udhaifu wake unatokana na njia hiyo hiyo ya kupata chakula, kwani haina namna ya kuchuja hewa inayoipokea. Mwaka 1866 William Nylander, mtaalamu wa kuvumwani kutoka Finland, aliona kwamba kuvumwani zilikuwa zikitoweka katika mji wa Paris. Lobaria pulmonaria ni miongoni mwa zile zinazoumia mapema, hasa kwa dioksidi ya salfa inayotokana na makaa ya mawe, na mvua ya asidi iliifuta katika sehemu kubwa za Ulaya. Hewa ya sehemu nyingi imesafishwa tangu wakati huo, lakini kuvumwani hii hairudi kwa kasi hiyo. Hukua milimita chache tu kwa mwaka, na inakadiriwa kwamba huchukua takribani miaka 30 kabla ya kutoa unga wa uzazi kwenye matuta yake. Katika msitu unaovunwa kila baada ya miongo michache, mti wake hukatwa kabla hajazaa. Nchini Uingereza limeongezeka tatizo jingine, nalo ni ugonjwa wa kuvu Hymenoscyphus fraxineus unaoua miti ya jenasi Fraxinus, ambayo ni mojawapo ya makao yake.

Jamaa zake wa jenasi Sticta wanapatikana katika misitu ya ukungu ya Kilimanjaro, Mlima Kenya na Ruwenzori, nao hupenda mashina yenye umri na hewa isiyokauka. Ukivikuta vipande hivyo vyenye majani mapana, mara nyingi vyenye rangi ya kahawia iliyokolea, tafadhali usivibandue.

Njia za kuirudisha zipo, ingawa zinataka subira. Watafiti wa Uswisi wamepandikiza unga wa uzazi wa Lobaria pulmonaria kwa kuuweka juu ya vipande vya shashi ya hospitalini na kuvifunga kwenye magome ya miti iliyochaguliwa, shashi ikisaidia kuushikilia mpaka nyuzi za kuvu zinaposhika gome. Baada ya miezi mingi ndipo vijani vya kwanza huanza kuonekana, tena kwa darubini, na mtu aliyevifunga akiwa kijana atakuwa ameota mvi pindi vitakapotoa unga wa kwanza.