Vita vya Maji Maji: pamba, maji na njaa

Vita vya Maji Maji ni vita ambavyo watu wa kusini mwa nchi ambayo leo ni Tanzania walipigana na Wajerumani kuanzia Julai 1905 hadi 1907. Vilianzia milima ya Umatumbi, nyuma ya Kilwa, vikaenea Rufiji, Liwale, Lindi, Mahenge, Uluguru, hadi Ungoni na Ubena. Jina limetokana na dawa waliyopewa wapiganaji, na kwa sababu hiyo wengi wetu tulifundishwa habari hizi kama kisa cha watu walioamini kuwa risasi zitageuka maji. Imani hiyo ilikuwapo kweli. Lakini anayeanza kusimulia na maji ameruka sura ya kwanza, na sura ya kwanza ni pamba.

Viwanda vya nguo vya Ujerumani vilitegemea pamba ya Marekani, na serikali yao ilitaka kuipata kutoka makoloni yake. Mwaka 1902 gavana Gustav Adolf von Götzen aliamuru pamba ilimwe katika mashamba ya pamoja, yaliyosimamiwa na maakida na majumbe, yaani wasimamizi wa serikali wa eneo na wa kijiji. Kwa amri, kila mtu alitakiwa kufanya kazi humo siku 28 kwa mwaka. Kwa vitendo ilikuwa zaidi, maana akida ndiye aliyehesabu siku. Aliyechelewa alilazwa chini akachapwa kiboko, hamsa ishirini, yaani mara ishirini na tano. Na ilipofika siku ya malipo, mkulima alipata kidogo mno, kiasi kwamba wako waliokataa kuzipokea hizo pesa.

Fedha peke yake haielezi hasira ile. Shamba la pamba lilidai palizi na mavuno katika siku zilezile ambazo mtama na mahindi ya nyumbani vilihitaji mikono. Nguruwe na nyani walikula chakula, mwenye shamba akiwa analinda pamba ya serikali. Juu yake kulikuwa na kodi, iliyoanza mwaka 1898, ya rupia tatu kwa nyumba, na asiyekuwa nazo alizilipa kwa jasho, barabarani au kwenye shamba la mlowezi. Wasimamizi nao walikuwa wageni: akida mara nyingi alikuwa mtu wa pwani aliyepandikizwa juu ya watu kama Wamatumbi, ambao hawakuwahi kuwa na mfalme, na ambao mambo yao yaliamuliwa na wazee wa koo.

Hapo ndipo tatizo la kisiasa lilipokuwa. Kila mmoja alichukia pamba, lakini nani angewaunganisha? Wangindo, Wapogoro, Wazaramo na Wamatumbi hawakuwa na jeshi moja wala mkuu mmoja, na wengine walikuwa na visasi vyao vya zamani. Jibu lilitoka Ngarambe, mwaka 1904, kwa mganga aliyeitwa Kinjikitile Ngwale. Wazee walisimulia kwamba alichukuliwa na pepo Hongo, akazama katika maji, na siku ya pili akatoka na nguo kavu. Watu wakamiminika Ngarambe. Aliwapa maji yaliyochanganywa na punje za nafaka, ya kunywa na kunyunyiziwa, akawaambia kuwa wote ni wamoja na kwamba wangoje atakapowapa amri. Habari zilipita kwa kunong'onezana, kijiji kwa kijiji, na wajumbe wake wakaibeba dawa hadi mbali. Kwa maoni yangu huo ndio uliokuwa uwezo mkubwa wa maji: yalikuwa kiapo ambacho mtu wa kabila lolote angeweza kukinywa bila kuwa chini ya chifu wa kabila jingine.

Wamatumbi hawakungoja amri. Mwishoni mwa Julai 1905, huko Nandete, walikwenda kwenye shamba la pamba wakang'oa miche. Kwa utawala wa Kijerumani tendo hilo lilikuwa tangazo la vita, na wang'oaji walilijua hilo. Kinjikitile mwenyewe alikamatwa, akanyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti, kabla vita havijaenea. Havikumhitaji tena. Liwale ikatekwa, na tarehe 14 Agosti askofu Cassian Spiss na wamisionari wenzake wakauawa njiani.

Siku iliyoonyesha vita vitakwendaje ni tarehe 30 Agosti, Mahenge. Maelfu ya Wapogoro na Wambunga waliishambulia boma mchana kweupe, wakisonga mbele kwa safu kuelekea bombomu mbili, bunduki zinazomimina risasi mfululizo. Safu za mbele zilifyekwa, za nyuma zikaruka maiti na kuendelea. Waliouona uwanja ule hawakuweza kuamini dawa kama mwanzo. Ajabu ni kwamba vita havikuishia hapo. Viliendelea karibu miaka miwili zaidi, sasa kwa kuvizia porini, na hilo pekee linatosha kumjibu anayesema watu walipigana kwa sababu tu walidanganywa na mganga.

Wajerumani nao walibadili mbinu. Badala ya kuwakimbiza watu msituni, vikosi vyao vilichoma vijiji, vikamwaga au kubeba akiba ya ghalani na kuzuia watu wasilime. Kapteni Wangenheim aliwaandikia wakubwa wake waziwazi kwamba ni njaa tu itakayowatiisha. Kwa hiyo njaa ile ilikuwa silaha iliyopangwa, na ndiyo iliyoua wengi kuliko risasi. Serikali ya kikoloni ilikadiria vifo 75,000. Wanahistoria waliofanya utafiti baadaye wanataja 250,000 hadi 300,000. Upande wa pili, Wazungu waliokufa walikuwa 15, pamoja na askari na wasaidizi Waafrika mia kadhaa.

Wasaidizi hao ni sehemu ya kisa ambayo husemwa kwa sauti ya chini. Askari wengi wa Wajerumani walikuwa Waafrika, na wako machifu waliojiunga nao, wakiwemo Wahehe, ambao miaka michache nyuma walikuwa wamepigwa na Wajerumani haohao. Mwaka 1956 Julius Nyerere aliwaeleza wajumbe wa Umoja wa Mataifa kuwa Maji Maji ilikuwa mapambano ya watu waliokataa kutawaliwa, na TANU ikaijenga hoja yake ya umoja juu ya kumbukumbu hiyo. Ilikuwa hoja ya haki. Ila katika familia za kusini wako wanaokumbuka pia nani alichoma ghala la nani.

Vita viliacha alama zake. Katika utawala, gavana aliyefuata, Albrecht von Rechenberg, aliachana na pamba ya lazima, akapendelea mkulima alime mwenyewe na kuuza. Katika ardhi, vijiji vilivyohamwa vilirudiwa na msitu, mbung'o na ndovu. Sehemu ya Ungindo iliyobaki bila watu wengi ikaja kuingizwa katika Pori la Akiba la Selous, ambalo watalii waliliona kama nyika isiyowahi kuguswa na binadamu.

Songea, mji wa Ungoni, ndiko deni lilikobaki wazi zaidi. Tarehe 27 Februari 1906 viongozi wa Wangoni walinyongwa hapo kwa pamoja, akiwemo Nkosi (yaani mfalme) Mputa Gama, na siku hiyo huadhimishwa kila mwaka. Nduna (yaani jemadari) Songea Mbano, ambaye mji unabeba jina lake, aliuawa siku chache baadaye, na inaaminika kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Mwaka 2017 serikali ya Tanzania ilisema bungeni kuwa inafikiria kudai fidia. Novemba 2023 rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea, akaomba msamaha mbele ya wazao wa wahanga na kuahidi kuwa nchi yake itasaidia kulitafuta fuvu hilo. Fidia hakuitaja.