Nembo ya BMW si propela, na 328 si lazima iwe lita 2.8

Nimeelezwa tena, safari hii na mtu anayelitunza gari lake vizuri kuliko wengi, kwamba duara la buluu na nyeupe lililo kwenye boneti ya BMW ni propela ya ndege inayozunguka mbele ya anga. Muda mfupi baadaye mtu huyohuyo aliagiza vipuri vya injini ya lita 2.8 kwa sababu nyuma ya buti pameandikwa 328i, ilhali gari lake ni la mwaka 2013 na injini yake ni ya lita 2.0 yenye turbo. Makosa haya mawili yana mzizi mmoja. Watu huisoma nembo na namba za kampuni hii kana kwamba ni picha ya chombo chenyewe, wala hawaulizi ziliwekwa lini, ziliwekwa na nani, na wakati huo sheria ilisemaje. Kazi yangu ni injini na vipuri vya magari haya, na swali la "lini" ndilo ninaloanza nalo kila mara, kwa kuwa bila jibu lake huwezi kuagiza hata gasketi.

Jina nitalipitia kwa haraka. BMW ni kifupi cha Bayerische Motoren Werke, yaani Viwanda vya Injini vya Bavaria, eneo la kusini mwa Ujerumani. Jina hilo lilianza kutumika Julai 1917 mjini Munich, pale kiwanda cha injini za ndege kilichoitwa Rapp Motorenwerke, ambacho Karl Rapp alikianzisha mwaka 1913, kilipopewa jina jipya. Pikipiki ya kwanza, R 32, ilitoka mwaka 1923, na magari yakafuata baada ya kampuni kukinunua kiwanda cha Eisenach mwaka 1928.

Nembo ilisajiliwa kuwa alama ya biashara tarehe 5 Oktoba 1917. Anayetaka kuielewa aiweke kando ya nembo ya Rapp iliyoitangulia: duara lenye ukingo mweusi, jina la kampuni limeandikwa ndani ya ukingo huo, na katikati pana kichwa cha farasi. Kampuni mpya ilibakiza duara na ukingo mweusi, ikaweka herufi B, M na W sehemu ya juu, ikakiondoa kichwa cha farasi, na nafasi yake ikachukuliwa na robo nne za rangi nyeupe na buluu, ambazo ndizo rangi za dola ya Bavaria. Hakuna kilichochorwa kwa kutazama ndege. Ni nembo ya zamani ya kiwanda iliyotolewa farasi na kutiwa rangi za nchi iliyotajwa kwenye herufi ya kwanza ya jina jipya.

Hapa ndipo wanaojitokeza kusahihisha nao wanapoteleza, na kwa kweli wao hunikera zaidi kuliko wenye hadithi ya propela, kwa sababu huongea kama watu waliokwisha kuichunguza habari. Wao husema, "Si propela, ni bendera ya Bavaria." Si bendera ya Bavaria. Sheria ya alama za biashara ya wakati ule ilikataza ngao za dola na ishara nyingine za mamlaka kutumiwa katika nembo za biashara. Kwa kanuni za ngao, rangi husomwa kuanzia juu kushoto kufuata mwendo wa saa, na kwa Bavaria inayotangulia ni nyeupe. Itazame BMW yoyote: juu kushoto pana buluu. Mpangilio uligeuzwa ili rangi za Bavaria zionekane bila ishara rasmi ya Bavaria kutumika. Anayesema "bendera" anaifuta sababu yenyewe iliyoifanya nembo iwe hivi ilivyo.

Propela ilitoka wapi, basi? Ilitoka kwenye tangazo. Mwaka 1929 kampuni ilikuwa inatangaza injini ya ndege iliyoitengeneza kwa leseni ya Pratt & Whitney ya Marekani, na mchoraji wa tangazo akaiweka nembo ndani ya duara la propela zinazozunguka. Ulikuwa mchoro mzuri, nao ulikuwa na kazi maalumu, yaani kuuza injini za ndege katika kipindi ambacho dunia ilikuwa inaingia kwenye mdororo wa uchumi. Mwaka 1942 hadithi hiyo ikarudiwa katika chapisho la kampuni yenyewe, na kwa miaka mingi baadaye kampuni haikujishughulisha sana kuikanusha. Kwa hiyo sisemi kwamba wanaoiamini wameiokota barabarani, kwa kuwa wameipokea kutoka kwa wenye nembo. Lakini nembo ni ya 1917 na tangazo ni la 1929, na kitu cha baadaye hakiwezi kuwa chanzo cha kilichokitangulia kwa miaka 12.

Wapo wanaonijibu kwamba tarehe hizo hazitoshi, kwani kampuni ilianza kwa kutengeneza ndege, na yenyewe huadhimisha kuzaliwa kwake tarehe 7 Machi 1916, siku kilipoanzishwa kiwanda cha ndege. Hoja hii ni nzito kuliko ile ya tangazo, na inastahili kujibiwa kwa utulivu, kwa maana vitabu vingi hupita hapa kwa sentensi moja na kumwacha msomaji gizani. Tarehe 7 Machi 1916 ni ya kampuni nyingine, Bayerische Flugzeugwerke, iliyokitwaa kiwanda cha ndege cha Gustav Otto mjini humohumo Munich. Hiyo ndiyo iliyounda ndege, na haikuwa na uhusiano wowote na nembo iliyosajiliwa mwaka 1917. Aliyeisajili ni jirani yake, ile iliyokuwa Rapp, ambayo ilitengeneza injini tu. Vita vilipokwisha, Mkataba wa Versailles ukaizuia Ujerumani kutengeneza injini za ndege, na iliyokuwa Rapp ikaangukia mikononi mwa kampuni ya breki ya Knorr-Bremse. Mwaka 1922 tajiri Camillo Castiglioni alilinunua jina la BMW pamoja na kazi ya injini, akavihamishia ndani ya ile Bayerische Flugzeugwerke, ambayo kuanzia hapo ikaitwa BMW. Ndiyo sababu kampuni ya leo, kisheria, ina umri wa kiwanda cha ndege, ilhali jina na nembo yake vilitoka kwa kiwanda cha injini. Anayechukua tarehe ya kampuni moja ili afasiri nembo ya kampuni nyingine amezichanganya nasaba mbili, na mkanganyo huo ndio unaoipa propela pumzi kila inapokaribia kufa.

Pamoja na hayo, maelezo ninayoyatetea yana upungufu ambao haufai kufichwa. Katazo la sheria linaeleza kwa nini mpangilio wa rangi uligeuzwa. Halielezi kwa nini rangi zilipangwa katika robo nne badala ya vile vipande vya mshazari vyenye umbo la almasi vinavyojulikana katika ngao ya Bavaria. Robo nne ndani ya duara zinasomeka vizuri hata zikiwa ndogo sana, na nadhani sababu ni hiyo, lakini hiyo ni hoja ya fundi, si ushahidi wa hati. Robo hizohizo ndizo zinazomfanya mtu aone propela, na sishangai kwamba mchoraji wa 1929 aliiona.

Sasa namba, ambazo huwagharimu watu fedha kabisa. Gari la kwanza la BMW liliitwa 3/15: tatu ni nguvu za farasi kwa hesabu ya kodi ya Ujerumani, na 15 ni nguvu za farasi zenyewe. Humo hamna ujazo wa injini hata kidogo. Katika miaka ya 1930 zikaja namba zinazoanza na 3, na baadhi zilifanana na ujazo, kwani 315 ilikuwa na lita 1.5 na 319 ilikuwa na lita 1.9. Utaratibu huo haukudumu. Gari za 321, 326, 327 na 328 zote zilikuwa na injini ya silinda sita ya sentimita za ujazo 1,971. Tofauti zilikuwa katika bodi, chasisi na nguvu. Wanaodai kwamba "zamani namba za BMW zilisema kweli" wana lao la kujibu kuhusu 328 ya mwaka 1936.

Kipindi ambacho namba zilifuata ujazo kwa uaminifu kipo, nacho ni kifupi kuliko watu wanavyodhani. BMW 1500 ya mwaka 1962 ilikuwa ya lita 1.5, zikafuata 1600, 1800 na 2000. Mwaka 1972 ukaja mfumo tunaoutumia mpaka sasa, ambao tarakimu ya kwanza ni daraja la gari na mbili zinazofuata ni ujazo: 520 ni daraja la tano, lita 2.0. Daraja la tatu la mwaka 1975 na la saba la mwaka 1977 kwa jumla yalifuata utaratibu huohuo.

Kisha utaratibu ukaanza kupinda. Mwaka 1980 ilitoka 745i yenye injini ya sentimita za ujazo 3,210 na turbo. Maelezo yanayorudiwa kila mahali ni kwamba kanuni za mashindano ziliihesabu injini ya turbo kwa kuzidisha ujazo wake mara 1.4, na 3.2 mara 1.4 ni karibu 4.5. Hesabu inakubali. Tatizo ni kwamba mwaka 1983 injini iliongezwa ikafikia sentimita za ujazo 3,430, ambazo kwa kanuni hiyohiyo zingetoa 748i, lakini gari likaendelea kuitwa 745i. Afrika Kusini nako, ambako usukani uko kulia na turbo ingegongana na mhimili wa usukani, 745i iliwekewa injini nyingine isiyo na turbo kabisa. Kwa hiyo ile 1.4 inaeleza namba ilivyoanza, haielezi ilivyobaki, na naona wauzaji waliishikilia kwa sababu wanunuzi walikwisha kuizoea.

Mfano wa 525e na 528e ni wa wazi zaidi. Injini ni moja, ya lita 2.7, iliyobuniwa itumie mafuta kidogo kwa kuzunguka polepole. Ulaya gari hilo liliitwa 525e, Marekani likaitwa 528e. Hakuna hata namba moja kati ya hizo mbili inayotaja lita 2.7. Na 323i? Ya kwanza, ya miaka ya 1970, ilikuwa na sentimita za ujazo 2,315, na hapo namba ilikuwa sahihi. Ya miaka ya 1990 ilikuwa na 2,494, ujazo uleule wa 325i iliyoitangulia, ila nguvu zake zilikuwa farasi 170 badala ya 192. Namba ilishushwa ili ioneshe cheo chake katika safu ya magari, wala pistoni hazikupunguzwa.

Tukirudi kwenye 328 iliyoanzisha maandishi haya: ya mwaka 1936 ina sentimita za ujazo 1,971, 328i ya mwaka 1995 ina 2,793, 328i ya E90 (E90 na F30 ni misimbo ya kiwanda ya vizazi vya gari) iliyouzwa Marekani ina 2,996, na 328i ya F30, kuanzia mwaka 2012, ina 1,997, silinda nne na turbo. Namba ni moja, injini ni nne, na hazichangii hata pampu ya maji. Simlaumu mwenye gari kwa kutoyajua hayo. Ninawalaumu wauzaji wa vipuri wanaoyajua, na bado huandika oda kwa kutazama buti.

Buti lenyewe si shahidi wa kutegemewa. Kiwanda huwaruhusu wanunuzi kuagiza gari lisilo na maandishi ya modeli, na chaguo hilo lina msimbo wake, 320. Maandishi pia hununuliwa na kubandikwa na yeyote. Tumia namba ya chasisi, herufi na tarakimu saba za mwisho, na ukitaka kuujua ujazo soma jina la injini: M52B28, N52B30, N20B20. Herufi B ni ya petroli, na tarakimu zinazoifuata ndizo zinazotaja lita. Namba iliyo kwenye buti huchaguliwa na wanaouza gari. Jina la injini huwekwa na wahandisi, kwa hiyo katika injini za miongo ya karibuni linaaminika.

Ibaki herufi i, ambayo huulizwa sana siku hizi. Ilitokana na mfumo wa kupuliza mafuta kwa nozeli, na mwaka 1972 ilikuwa na kazi ya kweli, kwa kuwa 520 ilitumia kabureta na 520i ilitumia nozeli. Kabureta zilipotoweka, herufi ikabaki ikimaanisha tu kwamba gari ni la petroli. Mwaka 2013 ikaja i3, gari la umeme, herufi ikiwa mbele ya namba, na kwa zaidi ya muongo mmoja kampuni ileile iliuza magari ambayo i iliyo mbele ilimaanisha umeme na i iliyo nyuma ilimaanisha petroli. Mwaka 2024 i ya nyuma ikaanza kuondolewa kwenye magari mapya ya petroli, na daraja la kwanza lilikuwa miongoni mwa yaliyotangulia. Ile iliyoandikwa 120 bila herufi yoyote ni ya petroli, ujazo wake ni lita 1.5, na ina silinda tatu, kwa hiyo anayeiagizia plagi aagize tatu.