Albamu "imeenda platinamu" maana yake nini?

Juzi pale Mwanga, hapa Kigoma, kwenye kibanda cha kijana anayeingiza nyimbo kwenye flashi na memori kadi, ulizuka ubishi. Mmoja alidai albamu ya msanii wake imeenda platinamu kwa sababu video imetazamwa mara milioni moja YouTube. Mwenzake akamjibu kwamba platinamu ni ya pete, muziki hauna platinamu. Nikaona haya kidogo. Diamond Platnumz, mwenye asili ya huku kwetu Kigoma, kabeba madini mawili kwenye jina la kazi, halafu sisi wenyewe hatujui madini hayo yanapimwaje.

Platinamu ni cheti cha mauzo. Marekani hutolewa na RIAA, chama cha makampuni ya kurekodi muziki, ambacho kilianza na dhahabu mwaka 1958 na kuongeza platinamu mwaka 1976. Albamu ya kwanza kuipata ilikuwa mkusanyiko wa nyimbo za kundi la Eagles. Nakala 500,000 ni dhahabu, 1,000,000 ni platinamu, na kila milioni inayoongezeka huhesabiwa: platinamu mara mbili, mara tatu, hadi almasi kwenye milioni 10. Uingereza, yenye watu wachache zaidi, hutoa platinamu kwa nakala 300,000 tu. Kwa hiyo ukisikia mtu anajisifia platinamu, muulize kwanza ni ya wapi.

Sasa, nakala zipi hizo? Hapa ndipo wengi wanapopotea, na mtu wa Kigoma angeelewa upesi akifikiria dagaa. Mfanyabiashara wa Kibirizi akipakia magunia 100 kwenda Dar es Salaam, daftari lake linasoma 100. Huko Dar mwenzake anaweza kuuza 60, mengine 40 yakapata unyevu stoo na wateja wakayakataa. Ukimuuliza wa Kibirizi, atakwambia mzigo umeondoka wote, na hatakuwa amedanganya. Cheti cha platinamu kimezoea kusoma daftari la Kibirizi: nakala zilizotolewa na kampuni kwenda madukani, kisha zikaondolewa zile zilizorudi. Na maduka ya Marekani yaliruhusiwa kurudisha mzigo usiotoka.

Mwaka 1978 wanamuziki wanne wa kundi la KISS walitoa albamu nne siku moja, kila mtu na yake. Kampuni ikasambaza nakala kwa mamilioni, zote nne zikapata platinamu haraka, halafu shehena kubwa ikaanza kurudi. Watu wa biashara hiyo wana utani kwamba kuna albamu hutoka dhahabu na kurudi platinamu, yaani zinazorudi ni nyingi kuliko zilizotoka.

Ndiyo maana kukawa na daftari la pili, la Dar es Salaam tuseme. Kuanzia mwaka 1991 mfumo wa SoundScan ulikusanya hesabu kutoka kwenye mashine za madukani zinazosoma ile mistari nyuma ya bidhaa. Hapo kinachohesabiwa ni CD aliyoilipia mteja. Daftari hilo ndilo lililowapa *NSYNC sifa yao kubwa. Vijana hao watano walikuwa wamegombana mahakamani na meneja wao wa zamani, wakahamia kampuni nyingine, na tarehe 21 Machi 2000 wakatoa No Strings Attached, jina linalowasema kama vikaragosi waliokata kamba. Wiki ya kwanza peke yake Marekani ilinunua nakala milioni 2.4. Hakuna aliyevunja rekodi hiyo hadi Adele mwaka 2015. Kwa upande wa vyeti, albamu hiyo ina platinamu 11.

Niseme ukweli, mimi namba ya wiki ya kwanza inanishawishi kuliko platinamu zote 11. Hao ni watu waliopanga foleni na hela mkononi.

Mambo yalibadilika CD zilipokufa. Tangu mwaka 2016 RIAA inahesabu pia usikilizaji wa mtandaoni katika vyeti vya albamu: kusikiliza mara 1,500 ni sawa na kununua albamu moja. Basi turudi kwa ndugu yetu wa Mwanga. Hata tukimhurumia na kuhesabu kila aliyetazama video, milioni moja yake ni kama albamu 667. Na tusimhurumie sana, maana wanaohesabiwa ni wasikilizaji walioko Marekani. Bando lako la Ujiji halimo.

Tanzania hatujazoea vyeti vya namna hiyo, lakini si kwamba nyimbo hazikupendwa. Shem Karenga alianzia Lake Tanganyika Jazz hapa Kigoma, akapanda reli hadi Tabora, na "Dada Asha" aliyoimba na Tabora Jazz bado inachezwa harusini na watu ambao hawakuwa wamezaliwa ilipotoka. Nyanyembe Jazz, majirani zao wa Tabora hiyo hiyo, wana "Rangi ya Chungwa". Nani alihesabu? Wimbo ulirekodiwa redioni, ukarushwa nchi nzima, na kila mwenye kinasa sauti alijirekodia wake nyumbani. Enzi za kanda za Bongo Fleva msanii alikuwa akimkabidhi mdosi wa Kariakoo, yaani msambazaji, masta yake (rekodi mama ya nyimbo) kwa hela ya mkupuo, na idadi ya kanda zilizotoka ikabaki siri ya mdosi. Daftari lilikuwepo, ila mwenye wimbo hakulifungua.

Na leo kuna flashi. Nilipomuuliza yule kijana wa kibandani ni albamu gani ameiingiza mara nyingi zaidi mwaka huu, alianza kuhesabu kwa vidole, akaachia njiani.

"Kaka, hapa hakuna anayeomba albamu. Wanasema tu niwekee mchanganyiko, ijaze."