Kifaru cha tani 60 katika nchi ya visiwa: Leopard na Harimau za jeshi la Indonesia

Tangu mwaka 2012, jeshi la nchi kavu la Indonesia lilipotangaza kwamba linataka Leopard 2, kifaru kizito cha Kijerumani, hoja moja imekuwa ikirudiwa: ardhi ya kule ni laini, mashamba ya mpunga yamejaa maji, kifaru kizito kitazama. Hoja hiyo ilitolewa bungeni Jakarta, na hadi leo watu wanaifuata bila kuipima. Mimi naona imelenga pasipo. Mzigo mkubwa wa Leopard nchini Indonesia ni madaraja, barabara na meli. Tope linakuja baadaye.

Tuanze na hesabu. Leopard 2A4 ina uzito wa tani 55 hivi. Mnyororo wake mmoja una upana wa milimita 635, na sehemu inayolala chini ina urefu wa karibu mita 4.95. Kwa minyororo miwili unapata eneo la takriban sentimita za mraba 62,800. Gawanya kilo 55,000 kwa eneo hilo: ardhi inabeba karibu kilo 0.88 kwa kila sentimita ya mraba. Sasa chukua AMX-13, kifaru chepesi cha Kifaransa ambacho Indonesia imekitumia tangu miaka ya 1960. Kina tani 15 tu, lakini minyororo yake ina upana wa sentimita 35 na inalala chini kwa mita 3 hivi. Jibu ni karibu kilo 0.71. Uzito umepishana karibu mara nne, ila shinikizo juu ya udongo limepishana kwa robo hivi tu. Gari la matairi liko pabaya zaidi, kwa sababu tairi huikandamiza ardhi kwa shinikizo linalokaribia upepo uliomo ndani yake. Ndiyo maana katika shamba la mpunga lililolowa, gari la deraya la matairi 6 lenye tani 14 hunasa kabla ya Leopard. Dereva anaweza kupunguza upepo ili tairi litanuke na kubeba vizuri, lakini akirudi kwenye lami na kukimbia bila kuujaza tena, kuta za tairi zitapata joto na kupasuka.

Tofauti kubwa huonekana baada ya kunasa. Mafundi wa uokoaji hukadiria hivi: gari likizama hadi usawa wa magurudumu, nguvu ya kulivuta ni sawa na uzito wake; likizama hadi usawa wa madigadi, ni mara mbili; likifika kwenye kichwa kinachozunguka, ni mara tatu. AMX-13 iliyozama hadi madigadi inahitaji mvuto wa tani 30. Leopard ya toleo zito zaidi, lenye tani 60 hivi, inahitaji 120. Winchi ya Büffel, gari la uokoaji lililojengwa juu ya bodi ya Leopard, huvuta tani 35 kwa kamba moja. Lazima kamba ipitishwe kwenye makapi ili nguvu izidishwe, na kipatikane kitu cha kuitia nanga ambacho hakitang'oka. Katika ardhi tambarare ya mpunga mti wa kutegemea haupo, kwa hiyo kifaru kingine ndicho hufanywa nanga. Kamanda aliyepeleka Leopard mahali ambapo gari la uokoaji haliwezi kufika amefanya kosa la kupanga, hata kama udongo unabeba.

Sasa madaraja. Leopard 2A4 iko katika kundi la mzigo la kijeshi la 60, kipimo kinachoonyesha uzito ambao daraja linatakiwa kubeba, na madaraja mengi ya vijijini, Java kwenyewe na zaidi nje ya Java, hayakujengwa kwa mzigo huo. Wahandisi hutembelea njia kabla, hupima nguzo, mihimili na unene wa sakafu. Daraja likiwa la mashaka, kifaru huvushwa kwa tahadhari: kimoja kwa wakati mmoja, katikati kabisa ya daraja, kasi isizidi kilomita 13 kwa saa, umbali wa mita 50 hivi hadi gari linalofuata. Dereva hasimami, hafungi breki, habadilishi gia, haongezi mafuta. Breki ya ghafla husukuma daraja kwa urefu wake, na vitako vya daraja ndivyo hupasuka. Kuzungusha kifaru mahali pamoja juu ya sakafu ya daraja ni marufuku, maana mnyororo hukwangua zege hadi kufikia nondo.

Safari ndefu hufanywa kwa tela la chini. Hapa sheria ya barabara inaingia: barabara ya daraja la kwanza Indonesia inaruhusu tani 10 kwa ekseli, na za chini yake ni tani 8. Leopard ya tani 60, pamoja na tela na kichwa cha kuvuta, inakaribia tani 95. Kwa tani 10 kila ekseli, unahitaji ekseli 10, na kwa tani 8 unahitaji 12. Msafara kama huo hauwezi kukata kona za barabara za milimani. Upana wa kifaru, karibu mita 3.7, hufunga barabara nzima. Unaweza kukitembeza chenyewe, ila kinakunywa karibu lita 340 za dizeli kwa kila kilomita 100 za lami, na zaidi ya lita 500 porini, kutoka kwenye matangi ya lita 1,160. Raba za mnyororo nazo zinaliwa haraka kwenye lami ya moto.

Na bahari. Ili Leopard zitoke Java hadi uwanja wa mazoezi wa Baturaja, Sumatra Kusini, lazima zipande meli. Jeshi la wanamaji lilijengewa KRI Teluk Bintuni, iliyoshushwa majini mwaka 2014 huko Lampung, iliyosanifiwa kubeba Leopard 10. Vikosi vyenye Leopard vipo Cijantung, Jakarta, na Pasuruan, Java Mashariki, na naona uamuzi huo ni sahihi: Java ndiyo yenye barabara na bandari za kumudu uzito huo. Kifaru hiki ni ngumi ya kisiwa kikuu. Anayekitegemea kwa mapigano ya ghafla katika msitu wa Papua hajaangalia ramani.

Mkataba na kampuni ya Rheinmetall ulihusu Leopard 103 zilizokarabatiwa, pamoja na Marder 1A3 zaidi ya 40 za kubeba askari, na magari ya uokoaji na uhandisi. Kati ya Leopard hizo, 42 ni 2A4 zilizoongezewa kiyoyozi, na 61 ni za toleo la RI. Toleo la RI lina deraya ya vipande vinavyoweza kubadilishwa, na kichwa chake huzungushwa kwa mota za umeme badala ya haidroliki. Badiliko hilo la mwisho naliheshimu kuliko deraya. Mafuta ya haidroliki yenye shinikizo kubwa, bomba likipasuka, hunyunyiza ukungu unaowaka ndani ya chumba cha watu. RI ina pia jenereta ndogo, hivyo kiyoyozi na darubini hufanya kazi injini kuu ikiwa imezimwa. Katika hali ya hewa ya Java, kiyoyozi kinalinda vyombo vya umeme kama kinavyolinda watu.

Unyevu ndio adui asiyetajwa. Kombora la milimita 120 la Leopard lina ganda linaloungua lote, isipokuwa kitako cha chuma. Ganda hilo hunyonya maji. Likikaa nje ya chombo chake katika hewa yenye unyevunyevu, huvimba kidogo, na kidogo hicho kinatosha kulifanya lisiingie vizuri kwenye mzinga. Likilazimishwa, linaweza kuvunjika na kumwaga baruti sakafuni. Kwa hiyo halitolewi kwenye kasha hadi wakati wa kupakia, na yaliyokaa ndani ya kifaru kwa muda mrefu hukaguliwa moja moja. Ukungu huota pia ndani ya lenzi. Vifuko vya kukausha hewa hubadilishwa mara tu rangi yake inapogeuka.

Mnyororo nao una pingili 82 kila upande. Unaochomoka mara nyingi ni ule ulioachwa ulegee, kisha dereva akakata kona kali kwenye tope lililojaa kati ya meno ya gurudumu la kuvuta. Tope hilo huunyanyua mnyororo juu ya meno. Dawa yake ni kusafisha, kukaza boliti za viungo, kupima ulegevu kila baada ya mwendo, na kugeuka kwa upinde mpana.

Harimau, kifaru cha uzito wa kati kilichosanifiwa na Pindad, kampuni ya silaha ya Bandung, pamoja na kampuni ya FNSS ya Uturuki na kuonyeshwa kwa mara ya kwanza mwaka 2017, ni jibu la shida hizi hizi. Kina tani 32 hivi, injini ya Caterpillar ya nguvu za farasi 711, na mzinga wa Cockerill wa milimita 105. Makombora yake yana ganda la chuma, hivyo unyevu hauyasumbui vile. Mzinga huinuka hadi nyuzi 42, wakati wa Leopard unaishia 20. Kwenye miteremko ya milima na mbele ya majengo marefu tofauti hiyo ni kubwa. Mtambo wa kujipakia hushika makombora 12. Yakiisha, kifaru kinapaswa kurudi nyuma na kujazwa kutoka kwenye akiba. Watu wake ni 3 badala ya 4, na upungufu huo unaumiza zaidi kwenye matengenezo: wawili wakishughulika na mnyororo, anabaki mmoja wa kulinda.

Deraya yake si ya kukabiliana na mzinga wa kifaru kikubwa ana kwa ana, na anayekipanga hivyo anawapoteza watu wake. Kazi yake ni kusindikiza askari wa miguu mahali ambapo Leopard haivuki. Kundi la kwanza lilikuwa la vifaru 18, na vingi viliunganishwa Uturuki. Idadi hiyo bado ni ndogo mno kwa visiwa vilivyo nje ya Java, ambako uzito wa tani 32 una faida kweli.

Anoa, gari la deraya la matairi 6 la Pindad, ndilo wasomaji wa mashariki mwa Kongo huenda wameliona likiwa limepakwa rangi nyeupe, kwa kuwa askari wa Indonesia walikuwa Kalemie chini ya MONUSCO, kikosi cha Umoja wa Mataifa cha kulinda amani nchini Kongo. Hubeba wafanyakazi 3 na askari 10, na injini yake ya Renault ina nguvu za farasi 320. Kwa doria za barabara ya vumbi ni chaguo zuri, mradi chujio la hewa likaguliwe kila siku wakati wa kiangazi. Vumbi likipita kwenye kifuniko kisichobana, turbo huharibika kabla dereva hajasikia dalili yoyote.