Steve anaposema "ndio", mi nachelewa makusudi

Mi kazi yangu ni kutafsiri movie, natafsiri layivu kwenye kibanda umiza hapa Mwanga, Kigoma, na inayoniumizaga kichwa kuliko zote ni Captain America: Civil War ya 2016. Watu wanaipendea zile ngumi za eapoti kule Leipzig sawa, ila shughuli iko kwenye ule mkataba wa Sokovia, nchi ya kwenye movie iliyoharibika mashujaa walipopigana humo, nchi 117 zinataka mashujaa wasiingie kazini mpaka Umoja wa Mataifa uruhusu.

Mwanzo nilikuwa nasema "uwajibikaji", watu kimya, neno la ofisini hilo. Siku hizi nasema "ukiharibu unamjibu nani?" na hapo wavuvi wa Kibirizi wanalipuka, maana 2024 Ziwa Tanganyika lilipofungwa uvuvi miezi mitatu, Mei mpaka Agosti, walibishana hivyohivyo watu wa mtumbwi mmoja, huyu anasema tuache samaki wazaliane, yule anasema watoto wangu wale nini.

Tony, yaani Iron Man, anakubali kusaini kwa sababu ya yule mama aliyemsubiri kwenye lifti akamkandamizia picha ya mwanae kifuani, kijana alikufa Sokovia. Pale natafsiri kwa sauti ya chini kabisa. Steve, ndo Captain America mwenyewe, anakataa, naye ana hoja, anayekupa amri ana maslahi yake na kesho atakutuma usipotaka kwenda.

Ila twende Siberia. Inachezwa video ya 16 Desemba 1991, Bucky, rafiki wa Steve, anawaua wazazi wa Tony, Tony anamuuliza Steve, ulikuwa unajua? Steve anazunguka, eti sikujua kama ni yeye. Anaulizwa tena, anasema ndio. Hapo huwa nachelewa kidogo makusudi wamsikie kwanza yeye mwenyewe, afu ndo naongea mimi.

Sasa huyu ndo aliyesema mikono salama ni yetu wenyewe, kumbe kamficha Tony kwamba mama yake aliuawa! Mi Steve nampenda sana ila hapo nampinga kabisa, kabla hajaikatalia serikali alikuwa na deni kwa Tony.

Mwishoni watu wanaanza kuvaa ndala waondoke, nawaomba wakae, kuna barua. Steve anaandika kwamba alidhani anamhurumia Tony kwa kutomwambia, kumbe alikuwa anajihurumia mwenyewe. Hiyo naitafsiri yote, siruki hata neno.